Bandama Lililovimba na Maswali Tunayoyaruka

Mzazi wa Malindi akiambiwa kwamba mtoto wake ana bandama, au wengu kama wasemavyo wengine, haombi maelezo zaidi. Anajua kwamba ni malaria, anajua dawa inauzwa duka gani, na nyumbani yuko bibi anayejua ni upande upi wa tumbo huchanjwa chale. Uhakika huo una asili yake. Kwa vizazi vingi ulipatia mara nyingi kuliko ulivyokosea, na hata sisi tunaofanya kazi ya utabibu tulilelewa katika mtindo huo huo, kwamba bandama kubwa hapa pwani ni malaria mpaka pathibitike vingine. Ninaandika makala haya kwa sababu kanuni hiyo imechakaa. Malaria imepungua sana katika maeneo mengi ya kaunti ya Kilifi tangu mwanzoni mwa karne hii, ila matumbo yenye mabandama makubwa hayajaacha kuja kliniki, na kadiri malaria inavyozidi kurudi nyuma ndivyo inavyozidi kuwa rahisi kwamba bandama ninalolipapasa leo limevimba kwa sababu nyingine kabisa.

Bandama la mtu mzima mwenye afya lina uzito wa takriban gramu 150 na urefu wa sentimita 11 hivi. Hukaa juu kushoto mwa tumbo, nyuma ya mbavu ya 9 hadi ya 11, mahali ambapo vidole kwa kawaida havifiki, na ili lipapasike chini ya mbavu aghalabu huwa limekwisha kuongezeka mara mbili au zaidi. Kazi yake ni kuichuja damu. Huziondoa chembe nyekundu zilizochoka au kuharibika, hukamata vijidudu vinavyoogelea ndani ya damu, na huhifadhi karibu theluthi moja ya chembe sahani, zile zinazoisaidia damu kuganda mtu anapojikata. Damu inayotoka humo huingia kwenye mshipa mkuu unaoelekea katika ini. Mtu akizishika kazi hizo, orodha ndefu ya sababu za kuvimba kwa bandama haimtishi tena: ama chembe nyekundu zinavunjika kwa wingi na bandama limezidiwa na kazi ya kuziondoa, ama kuna vijidudu linavyopigana navyo, ama njia ya kupitia ini imeziba na damu inarudi nyuma, ama limevamiwa na seli za saratani ya damu au za tezi. Katika kila fungu kuna ugonjwa ambao dawa ya malaria haiusaidii hata chembe.

Jinsi bandama lilivyofungamana na malaria vichwani mwetu ni habari ya zamani, na inafaa kujulikana. Katika miaka ya 1840 nchini India, miongo kadhaa kabla ya daktari Mfaransa Laveran kukiona kijidudu cha malaria ndani ya damu mwaka 1880, madaktari wa utawala wa Waingereza walikuwa wakipita katika vijiji vilivyo kando ya mifereji ya kunyweshea mashamba, wakipapasa matumbo na kuhesabu mabandama ili wajue homa imekithiri wapi. Mwaka 1944 mtaalamu wa malaria aitwaye Hackett alipendekeza madaraja ambayo bado tunayatumia, kuanzia 0, yaani bandama lisilopapasika kabisa, hadi 5, yaani lile lililoteremka hadi karibu na mfupa wa kinena. Kisha katika mkutano wa malaria uliofanyika Kampala mwaka 1950 wataalamu wakakubaliana kuyagawa maeneo kwa kutazama watoto wa miaka 2 hadi 9: mahali ambapo wenye bandama kubwa hawakuzidi 10 katika kila 100 palihesabiwa kuwa na malaria haba, na mahali ambapo walizidi 75 katika kila 100 palihesabiwa kuwa malaria haiondoki mwaka mzima. Hesabu hiyo ilikuwa ya maana sana, lakini ilikipima kijiji. Haikuwahi kudai kumwambia mama mmoja ni kwa nini bandama la mtoto wake mmoja limevimba, na hapo ndipo tulipoteleza, kwa kuichukua kanuni ya takwimu za wilaya nzima na kuifanya kuwa jibu la mgonjwa aliye kitandani.

Siku hizi makosa yamebadilika sura. Badala ya kumpa kila mtu dawa ya malaria na kumrudisha nyumbani, tunamtuma kila mtu akapigwe picha. Mgonjwa anaingia chumbani akiwa na karatasi ya ultrasaundi aliyolipia kwa taabu, imeandikwa kwamba bandama lina sentimita 16, basi, na yeye anaamini kwamba amekwisha kupata jibu. Sentimita 16 ni nyingi kwa mtu mzima, kwa kuwa wengi wetu huanza kushtuka likizidi 12 au 13, ingawa watu warefu huwa na mabandama marefu kidogo na watoto wana vipimo vyao kulingana na umri. Hata hivyo namba hiyo inatuambia ukubwa tu. Mashine hiyo hiyo, mikononi mwa mtu aliyeelezwa anatafuta nini, ingeweza kutuambia kama ini lina makovu, kama mshipa mkuu unaoingia katika ini umetanuka kupita milimita 13, kama kuna maji tumboni, kama kuna tezi zilizovimba huko ndani na kama bandama lenyewe lina vivimbe au sehemu zilizokufa. Anayepiga picha hawezi kubuni swali ambalo hakuna aliyemwandikia.

Kwa hiyo mimi huanza na maswali, na la kwanza si la ugonjwa. Namuuliza mtu amezaliwa wapi, amekulia wapi na amefanya kazi wapi. Malindi ni mji wa watu waliotoka kwingi. Kuna wenyeji wa hapa, kuna waliotoka bara kutafuta kazi za hoteli na ujenzi, kuna wanaoshuka kutoka Tana na kaskazini na mifugo yao, na kila mmoja amekuja na historia ya maji aliyoyaoga na wadudu waliomuuma. Alipata kuja fundi mwashi, kijana wa makamo mwenye nguvu zake, ambaye alikuwa ametapika damu usiku. Bandama lake lilikuwa limeshuka karibu na kitovu. Kipimo cha malaria hakikuonyesha kitu, homa hakuwa nayo, na pombe alikuwa hanywi. Nilipomuuliza alikulia wapi akanitajia kijiji cha Makueni kilicho kando ya mto, na akaniambia kwamba utotoni walikuwa wakiogelea kila siku baada ya shule.

Hapo jambo likaanza kunyooka. Kichocho tunachokijua sana hapa pwani, kile cha watoto kukojoa damu, hukaa katika mishipa ya kibofu na si desturi yake kuliharibu ini namna hiyo. Kichocho cha tumbo, ambacho hupatikana sana kandokando ya Ziwa Victoria na katika sehemu za Ukambani na Mwea, hukaa katika mishipa ya utumbo, na mayai yake husombwa na damu hadi kwenye ini, yakaacha makovu kandokando ya mishipa midogo. Baada ya miaka mingi njia ya damu inabana, bandama linajaa na kukua, na mishipa iliyo chini ya koo la chakula inatanuka mpaka siku moja ipasuke. Mtu wa namna hiyo anaweza kuwa na ini linalofanya kazi zake vizuri tu, macho yasiyo na umanjano, hamu ya kula, na hali amebeba hatari ya kufa kwa kutapika damu. Dawa ya kichocho ni praziquantel, miligramu 40 kwa kila kilo ya uzito, nayo ni rahisi, lakini kwa aliyefika hapo haitoshi peke yake. Ni lazima apitishiwe kamera kooni ili mishipa iliyotanuka ionekane na kufungwa. Yeye alisafirishwa hadi Mombasa siku ile ile. Bila swali la mto, barua yake ya rufaa ingesema vidonda vya tumbo.

Swali hilo hilo la makazi ndilo linalotukumbusha kalaazari, ugonjwa unaoenezwa na usubi na ambao wengi hapa Malindi hawajapata kuusikia, kwa kuwa makao yake katika Kenya ni sehemu kavu kama Baringo, Pokot Magharibi, Turkana, Marsabit na Wajir. Dereva wa lori, askari au mchungaji aliyekaa huko miezi kadhaa, akaja na homa isiyokatika, kukonda, upungufu wa damu na bandama kubwa, anahitaji kipimo cha haraka cha kalaazari kiitwacho rK39 kabla ya dozi nyingine yoyote ya malaria. Ugonjwa huo usipotibiwa huua karibu kila anayeupata, na ukitibiwa kwa wakati wengi hupona.

Baada ya makazi huja maswali mengine. Homa ipo au haipo, na kama ipo ina wiki ngapi. Anatoka jasho la kulowesha shuka usiku. Anashiba baada ya matonge mawili, jambo ambalo watu hulitaja wakidhani ni gesi, kumbe tumbo la chakula linasukumwa na bandama. Ana maumivu yanayopanda hadi bega la kushoto. Katika ukoo kuna watoto waliofariki wakiwa wadogo kwa kuishiwa damu, au ndugu anayelalamika mifupa kila mvua ikinyesha. Amepata kuambiwa ana homa ya ini aina ya B, au anaishi na virusi vya Ukimwi, au nyumbani kuna mtu anayekunywa dawa za kifua kikuu. Anakunywa maziwa yasiyochemshwa. Maswali haya hayahitaji umeme wala mtambo, na nisingekubali kuyauza kwa picha yoyote.

Kisha mikono. Mgonjwa hulala chali, magoti yamekunjwa kidogo ili misuli ya tumbo ilegee, na mimi huisugua mikono yangu kwanza, maana mkono wa baridi hulifanya tumbo likaze. Naanza chini kabisa upande wa kulia, karibu na kinena, mbali na mahali bandama linapotarajiwa. Wanafunzi wanaokuja kwa mafunzo hulishangaa jambo hili, lakini sababu yake ni wazi: bandama likikua huelekea kitovu na kinena cha kulia, na aliyeanzia moja kwa moja chini ya mbavu za kushoto anaweza kuwa ameuweka mkono juu ya bandama kubwa sana akadhani ni tumbo gumu tu, kwa sababu ukingo wake umekwisha kupita chini ya vidole. Namwomba avute pumzi kwa kinywa, polepole. Mkono wangu haufukui, unasubiri tu. Akivuta, kiwambo, ule msuli unaotenganisha kifua na tumbo, kinashuka na kulisukuma bandama, nalo likiwa pale huja lenyewe kugusa ncha za vidole, ukingo laini au mgumu, wenye kijipengo upande wa ndani. Lisipokuja, natambaa sentimita moja au mbili kuelekea juu na kusubiri pumzi nyingine. Nikifika mbavuni sijapata kitu, namgeuza alalie ubavu wa kulia, naweka mkono wa kushoto nyuma ya mbavu zake na kuzivuta mbele kidogo, kisha narudia.

Kuna na kugonga. Daktari aitwaye Castell alieleza mwaka 1967 njia ambayo haichukui hata dakika moja: kidole kinawekwa katika nafasi ya mwisho baina ya mbavu za kushoto, kwenye mstari unaoshuka kutoka mbele ya kwapa, na kinagongwa mgonjwa akivuta pumzi yote na akiitoa yote. Kwa mtu mwenye bandama la kawaida sauti hubaki wazi wakati wote. Ikigeuka na kuwa nzito wakati kifua kimejaa pumzi, bandama limeanza kushuka hata kama halijapapasika. Njia hii hudanganywa na mtu aliyetoka kula sahani kubwa ya wali, na maji yaliyojaa upande wa kushoto wa kifua huiharibu pia, kwa hiyo mimi huichukua kama kidokezo.

Na si kila kilichovimba upande huo ni bandama. Figo la kushoto lenye uvimbe hukaa pale pale, na kwa mtoto mdogo hilo ni jambo la kuogopwa kwa sababu ya saratani ya figo ya utotoni. Kutofautisha ni kazi ya vidole. Juu ya bandama huwezi kupenyeza mkono, kwa maana linatoka chini ya mbavu. Figo aghalabu unaweza kulizunguka kwa juu, na ukilisukuma kutoka mgongoni linaruka mbele na kuupiga mkono uliouweka tumboni. Bandama lina kijipengo, figo halina. Bandama hukimbia upande wa kulia mtu avutapo pumzi, figo hushuka wima. Nikimaliza hapo natazama weupe wa kope, umanjano wa macho, tezi za shingoni, kwapani na kinenani, ukubwa wa ini, maji tumboni, madoa ya damu kwenye ngozi, na nasikiliza moyo, kwa sababu maambukizi ya vali za moyo nayo hulivimbisha bandama na huwa na homa ya wiki nyingi inayoitwa malaria sugu.

Nikirudi kwa malaria yenyewe, kwa kuwa sijasema kwamba imekwisha, kuna jambo ambalo hutatiza hata wenzetu wazoefu. Slaidi ya damu yenye vijidudu haithibitishi kwamba bandama limevimba kwa malaria, kwa sababu katika maeneo ambayo mbu bado ni wengi mtu anaweza kuvibeba vijidudu bila kuumwa, na hapo hapo akawa na ugonjwa mwingine. Upande wa pili, slaidi isiyo na vijidudu haiiondoi malaria katika hesabu. Ipo hali ambayo mwili wa mtu aliyeumwa na mbu kwa miaka mingi huitikia malaria kupita kiasi, ukatengeneza kingamwili za aina ya IgM bila breki, na bandama likakua sentimita 10 au zaidi chini ya mbavu huku slaidi ikitoka safi kila mara. Hutambuliwa kwa kuziondoa kwanza sababu nyingine, kwa IgM kuwa juu sana, na kwa bandama kusinyaa taratibu mgonjwa akipewa dawa ya kuzuia malaria, kama proguanil, kwa miezi mingi. Wanaoipata zaidi ni watu wazima. Anayemtibu mtu huyu kwa dozi ya siku tatu na kumpima baada ya wiki ataona hakuna mabadiliko na kukata tamaa mapema.

Kipimo ninachokithamini kuliko vyote baada ya mikono ni hesabu kamili ya damu, pamoja na slaidi inayotazamwa na macho ya mtu kwenye hadubini. Bandama likishakuwa kubwa hunasa chembe za aina zote, kwa hiyo chembe sahani, seli nyeupe na damu yenyewe huweza kushuka kwa pamoja, na hilo peke yake halituambii sababu. Kinachotuambia ni kile kisichofuata mtindo huo. Alipata kuja mzee kutoka upande wa Mambrui, amekonda, mkanda wa suruali ameufunga chini ya uvimbe wa tumbo, naye alikuwa amenunua dawa za malaria dukani tena na tena bila kupimwa. Homa hakuwa nayo. Bandama lilikuwa limevuka kitovu, gumu, halina maumivu. Hesabu ya seli nyeupe ilitoka zaidi ya 200,000 kwa kila mikrolita, na ya kawaida ni kati ya 4,000 na 11,000. Mwenzetu wa maabara hakuiamini mashine, akaipima upya, kisha akaja mwenyewe kuniita nikatazame slaidi: seli nyeupe za kila rika, changa na pevu, zimejaa uwanja mzima wa hadubini.

Picha hiyo ni ya saratani ya damu ya aina inayokwenda polepole, ambayo huthibitishwa kwa kutafuta jeni iliyoungana vibaya iitwayo BCR-ABL. Nilimweleza mzee mbele ya mwanawe wa kiume, kwa sababu ndivyo alivyotaka. Akaniuliza, "Sasa daktari, hili lina dawa au nirudi nikae na watu wangu?" Nilimjibu kwamba lina dawa, tena ya vidonge. Imatinib iliidhinishwa mwaka 2001 nchini Marekani, na tangu hapo ugonjwa uliokuwa ukiua ndani ya miaka michache umekuwa ugonjwa ambao wengi huishi nao, mradi wameze dawa kila siku. Sitasahau kwamba swali lake la pili lilikuwa kama zile dawa za dukani zilimdhuru. Hazikumdhuru, zilimchelewesha.

Kwa watoto wetu, ugonjwa ambao ningetaka kila mzazi wa Malindi aufikirie anaposikia bandama ni selimundu, ugonjwa wa kurithi ambao chembe nyekundu za damu hujikunja mfano wa mundu. Jeni yake ni ya kawaida hapa pwani kwa sababu anayeirithi kwa mzazi mmoja tu hupata kinga kubwa dhidi ya malaria kali, na hivyo malaria yenyewe ndiyo iliyoitunza katika damu yetu kwa karne nyingi. Anayeirithi kwa wazazi wote wawili ndiye mgonjwa. Dalili huanza takriban miezi 6 baada ya kuzaliwa: vidole vya mikono na miguu kuvimba, macho ya manjano, damu kupungua, maambukizi ya mara kwa mara. Bandama huvimba katika miaka ya mwanzo, na kwa wengi baadaye husinyaa na kufa kwa kukosa damu, ingawa wako wanaobaki nalo likiwa kubwa kwa muda mrefu. Mtoto aliyeongezwa damu hospitalini tena na tena kwa jina la malaria, na hakuna aliyempima selimundu, ni jambo linalonikera mpaka leo, kwa sababu kipimo ni cha tone la damu. Akijulikana mapema hupewa penisilini kila siku hadi afikishe miaka 5, dawa ya kumkinga na malaria, chanjo ya vijidudu vya nimonia ambayo imo katika ratiba ya taifa tangu 2011, na haidroksiurea, dawa inayopunguza makali ya ugonjwa huu, kwa anayestahili.

Hatari kubwa ya mtoto huyu ni siku ambayo bandama linafungia damu ndani yake kwa ghafla. Ndani ya saa chache linaweza kukua mara dufu, mtoto akawa mweupe, akalegea na kupumua kwa kasi, na asipoongezewa damu akafa siku hiyo hiyo. Nchini Jamaika wazazi walifundishwa kulipapasa bandama la mtoto wao nyumbani, na vifo vya namna hiyo vikapungua. Nami hufanya hivyo hivyo. Nauchukua mkono wa mama, nauweka pale palipo na ukingo, mtoto akiwa amelala na ametulia, nasema, "Mama, hapa. Subiri avute pumzi. Umelihisi?" Mara ya kwanza hubonyeza sana kwa woga. Namwonyesha kwamba vidole vinakaa bapa, havichimbi. Tunapima ukingo uko vidole vingapi chini ya mbavu, yeye anakumbuka kwa vidole vyake mwenyewe, na tunakubaliana kwamba kikiongezeka kidole au mtoto akapauka, haendi kwa mtu mwingine yeyote kabla ya hospitali. Akina mama wengi huwa hodari wa kazi hii kuliko wanafunzi wangu.

Kuhusu chale, sina haja ya kuwadhihaki wazee. Alama ndogo ndogo zilizopangwa chini ya mbavu za kushoto naziona kwa watoto na kwa watu wazima, na mimi huzisoma kama kumbukumbu: zinaniambia kwamba familia iliuona uvimbe huu tangu miaka fulani, habari ambayo haimo katika kadi yoyote ya kliniki. Ila wembe uliotumiwa kwa mtoto huyu na yule huhamisha homa ya ini aina ya B na virusi vya Ukimwi, na homa ya ini yenyewe ikidumu huleta makovu ya ini na bandama kubwa zaidi. Kinachoniogopesha kuliko chale ni kukanda. Bandama lililovimba ni dhaifu na limejaa damu, na kulikanda kwa mafuta ili lirudi mahali pake kunaweza kulipasua. Ajali ndogo ya bodaboda au kiwiko kwenye mpira hutosha pia. Aliyekuwa na bandama kubwa akapata maumivu makali ya kushoto yanayopiga hadi begani, akawa na kizunguzungu na jasho la baridi, anavuja damu ndani mpaka hospitali ithibitishe vingine.

Vipimo vya mbele, kama vile kuchukua uboho, kukata kipande cha tezi au kupiga picha za CT, hufanywa panapokuwa na wataalamu, na tabibu wa ngazi yangu kazi yake ni kuhakikisha kwamba mgonjwa anafika huko na barua inayosema kitu. Katika barua hiyo naandika sentimita za bandama chini ya mbavu nilizozipima kwa tepi, kwenye mstari wa chuchu, na tarehe yake, ili atakayempokea ajue kama linakua au linapungua. Naandika makazi yake yote tangu utoto, dawa za malaria alizokunywa, hesabu ya damu, matokeo ya virusi vya Ukimwi na homa ya ini, na kile nilichokisikia nikisikiliza moyo wake hata kama sina hakika nacho.

Wapo ambao mwishowe madaktari bingwa huamua bandama litolewe, na wagonjwa huniuliza kama mtu anaweza kuishi bila hilo. Anaweza, lakini kinga yake dhidi ya vijidudu kadhaa hupungua kwa maisha yake yote. Chanjo za nimonia, za homa ya uti wa mgongo na ya Hib, bakteria mwingine wa nimonia na uti wa mgongo, hutolewa angalau wiki 2 kabla ya upasuaji kama hakuna dharura, na hapa kwetu huongezwa kinga ya malaria na chandarua cha kila usiku, kwa sababu mtu asiye na bandama akipata malaria huumwa vibaya. Homa yake haisubiri asubuhi. Anapelekwa hospitali usiku huo huo, na anayempeleka aseme mlangoni, kabla ya kuulizwa jina, kwamba mtu huyu hana bandama.